Sauti ya Wilaya

Digrii yangu ya udaktari wa mifugo niliisomea Urusi, enzi ya Muungano wa Kisovieti, miaka ya baridi na supu ya kabichi. Nilipofika Toronto na binti yangu, miaka ya elfu mbili ikiwa ndiyo kwanza imeanza, nikaambiwa digrii hiyo haitambuliki. Nadhani ng'ombe wa Kanada wanaugua kwa Kiingereza. Nikasoma kozi ya kutunza wazee, kampuni moja ikaniajiri, nikawa nakwenda nyumba hadi nyumba kuwaogesha na kuwalisha wazazi wa watu. Kirusi changu kikabaki kimekaa tu, kama masufuria makubwa ya shughuli ambayo huwezi kuyatumia na huna moyo wa kuyatupa.

Siku moja msimamizi wetu akaniita. Kulikuwa na bibi mmoja kule kaskazini, kwenye maghorofa ya barabara ya Bathurst, ambaye kila msaidizi aliyepelekwa alimfukuza. Kiingereza hajui, akasema, na ana mdomo. Nikamwambia mimi pia ninao.

Sisi tulikaa Crescent Town. Ilinibidi nivuke lile daraja la waenda kwa miguu mpaka stesheni ya Victoria Park, nipande treni, nibadilishe, niende mpaka mwisho wa reli kule Finch, halafu basi. Nilifika nimeganda pua. Mlango ukafunguliwa na mwanamke mrefu, mnyoofu, nywele nyeupe zimefungwa nyuma, skafu ya hariri shingoni. Nyuma yake ukutani kulikuwa na picha ya msichana amesimama kwenye daraja la kamba, milima juu yake. Nilimjua papo hapo, kabla hajasema neno.

"Mwalimu wa milimani!" nikapiga kelele kwa Kirusi. "Ni wewe!"

Kila aliyesoma kule miaka yetu aliiona ile filamu. Ilionyeshwa bwenini kwetu Jumamosi kwa Jumamosi, kwenye ukumbi wenye viti vya mbao. Msichana anapelekwa kijiji cha mbali kufundisha, anampenda mpima ardhi, mpima ardhi anahamishwa, na pale darajani anamwambia: "Nenda, usigeuke nyuma. Ukigeuka nitakufuata, na hapa hatabaki mtu wa kufundisha." Sisi wasichana wa Kiafrika tuliyakariri maneno yale ili tupate lafudhi nzuri. Basi pale mlangoni, na buti zangu zinadondosha theluji, nikamwigizia, kwa sauti nyororo ileile ya kwenye filamu. Nikamalizia kwa kumwambia kwamba sauti yake ndiyo iliyonifundisha Kirusi.

Alinitazama kuanzia utosini mpaka kwenye buti. Kisha akasema, kwa sauti nzito, ya kukwaruza, Kirusi chenye kokoto ndani yake: "Nenda jikoni. Vyombo havijaoshwa."

Nikadhani uzee umemharibu sauti. Nikaosha vyombo.

Alikuwa Mtajiki, wa Tajikistani, mtu wa milimani kweli, si wa kuigiza. Hakutaka nimwite bibi. Kwao, akasema, mwanamke wa umri wake anaitwa khola, dada wa mama. Nikamwambia kwetu Tanga wazee bado wanamwita dada wa mama hale, na ni neno lilelile. Akanishika mkono akalirudia mara kadhaa, hale, hale, na kuanzia siku hiyo habari ya kunifukuza ikaisha. Tulipatana hasa jikoni. Wao nao wana pilau, yenye karoti nyingi kuliko akili, na bizari nyembamba. Tuligombana kuhusu pilau ile miaka yote niliyomhudumia.

Tukikata karoti ndipo aliponiambia. Nilikuwa nimerudia tena, mjinga mimi, habari ya sauti yake ya ujanani. Akaweka kisu chini.

"Ile sauti si yangu."

Siku zile, akanieleza, filamu nyingi zilipigwa kwanza, sauti ikatiwa baadaye. Mwigizaji anasimama studioni mbele ya skrini, anajitazama midomo, anayasema tena maneno yake. Yeye kila kitu alikifanya mwenyewe. Alilia mwenyewe, aliingia mtoni mwenyewe kwenye maji ya barafu, kila neno la Kirusi alilisema mwenyewe. Siku ya kutia sauti akafika studioni amevaa gauni lake jipya, akakuta mwanamke mwingine amesimama kwenye maikrofoni anakula tufaha. Mwongozaji akamshika bega. Uso wako, akamwambia, ni wa nchi nzima. Sauti yako ni ya wilaya.

"Wakaniweka nyuma ya kioo," alisema. "Wakaniomba nimsaidie. Nikamwonyesha wapi nilivuta pumzi."

Filamu ikapendwa nchi nzima. Wakamzungusha kwenye viwanda na mashamba kukutana na watazamaji, na kila mahali watu walitaka aseme yale maneno ya darajani. Studio ikampa skafu. Akiulizwa, ashike koo, atabasamu, aliyefuatana naye aeleze kwamba msanii wetu mpendwa anaumwa koo. Aliumwa koo miaka ishirini na zaidi. Filamu zilizofuata wakaona usumbufu wa nini, wakampa wanawake wasiosema. Bi harusi anayeinamisha kichwa. Mama wa askari anayelia. Mwanamke wa kijijini anayewapokea wageni kwa mkate. Alipata nishani kwa huyo mama wa askari. Halafu nchi ikavunjika, kwao kukawa na vita, studio ikafungwa, mwanawe wa pekee akamleta Toronto.

Mwanawe sikumpenda, naandika wazi. Alikuwa mhandisi, mpole, viatu vinang'aa, na alimsemea mama yake kila mahali. Kwa daktari sawa, Kiingereza mama hakuwa nacho. Lakini mpaka kwenye duka la Kirusi pale chini ya ghorofa, mama akifungua mdomo kuomba jibini, mwana anamgusa kiwiko: "Mama, niachie mimi." Na mama ananyamaza. Niliona hivyo nikiwa nimebeba mifuko, na damu ikanichemka. Mimi mwenyewe niliwahi kuomba kazi ya mapokezi kwenye kliniki moja, nikaambiwa kwa tabasamu kwamba nina sifa zote, ila kwenye simu nitawapa wateja shida. Nililia kwenye basi. Kwa hiyo nilijua anameza nini.

Mwaka mmoja nilikwenda nyumbani likizo. Niliporudi nikamsimulia, kwa kumchekesha tu, habari za vibanda umiza. Vile vibanda vya video vya mabati, watu wamebanana kwenye mabenchi, filamu ya Kichina au ya Kihindi inaonyeshwa, na pembeni yupo jamaa mwenye maikrofoni anayewasemea wote kwa Kiswahili. Anapunguza sauti ya filamu, anasema yeye. Shujaa ni yeye, adui ni yeye, bibi mzaa bibi ni yeye. Mchumba analia, jamaa naye analia, halafu katikati ya kilio anamtangaza muuza vocha wa jirani.

Khola alicheka mpaka akavua miwani. Kisha akakaa anachezea ncha ya skafu.

"Anapunguza sauti," alisema, "na anasema yeye. Na watu wanakubali?"

"Wanalipa kiingilio."

Akavaa miwani yake, akaniambia nimsimulie tena.

Haikupita muda mwanawe akaja na habari. Bwana mmoja mwandaaji wa shughuli za watu wanaozungumza Kirusi alikuwa amegundua kwamba mwalimu wa milimani anaishi mjini hapa, tena ghorofani karibu na ukumbi wao. Walitaka kumwandalia jioni ya heshima. Filamu ingeonyeshwa, yeye angekaa jukwaani, watu wangeleta maua. Khola akasema atakwenda kwa sharti moja. Ikifika sehemu ya darajani, wazime sauti, ayaseme yeye.

"Mama, watu watachanganyikiwa," mwanawe akasema.

"Basi siendi. Waonyeshe picha yangu."

Mwandaaji alipopigiwa simu akalisifu wazo lile, akasema ni la kisanii kabisa. Mimi nilikuwa jikoni nasikiliza, na nilifurahi kuliko siku niliyopata uraia.

Tulifanya mazoezi majuma mengi. Nilikuwa nikimaliza kumwogesha na kumvalisha, naweka ile filamu kwenye televisheni yake, ikifika darajani nazima sauti. Yeye anasimama karibu na dirisha, mkono mmoja kwenye rejeta ya kupashia chumba joto, kwa ajili ya magoti yake. Mara za kwanza alichelewa, maneno yakaja midomo ikiwa imeshafungwa. Baadaye akaanza kupatia. Na hapo ndipo nilipoiona filamu niliyodhani naijua. Kwa ile sauti nyororo tuliyoikariri bwenini, mwalimu yule ni shujaa, anamuaga mpenzi wake kama anayesoma hotuba ya sherehe. Kwa sauti ya khola, nzito, yenye kukwama kidogo kwenye neno "hatabaki", alikuwa msichana anayeogopa kuachwa peke yake mlimani na hataki mwanamume aone. Nilimwambia hivyo. Akasema, "Ndivyo nilivyoicheza."

Jioni yenyewe ukumbi ulijaa. Wanawake wenye makoti ya manyoya, wazee wenye nishani vifuani, meza ya samaki wa chumvi na saladi za viazi. Walitoka kila pembe ya nchi ile iliyovunjika, na wengi walianza kulia hata kabla taa hazijazimwa. Mimi nilikaa mstari wa mbele, pembeni, na mkoba wa dawa zake mapajani. Khola alipandishwa jukwaani, akawekewa kiti na maikrofoni kando ya skrini. Alipokaa, alifungua skafu, akaikunja vizuri, akaiweka chini ya kiti. Sikuwahi kumwona shingo hadharani.

Filamu ikaenda. Ikafika darajani, mto ukivuma, mpima ardhi na begi lake mgongoni. Mwandaaji, aliyekuwa nyuma kwenye mashine, akakata sauti kama alivyoahidi. Khola akasimama. Akavuta pumzi pale pale alipoivuta msichana wa kwenye skrini.

"Nenda," akasema.

Hapo lazima nieleze jambo. Katika majumba ya sinema ya kule, filamu ikikatika au sauti ikipotea, watazamaji walikuwa na desturi ya kupiga miguu sakafuni na kumtukana fundi wa mashine. Walipiga kelele: "Fundi viatu! Fundi viatu!" yaani kazi hii huiwezi, kashone viatu. Haikuwa hasira tupu, ilikuwa raha pia, sehemu ya kwenda sinema. Hata sisi bwenini tulijifunza kuipiga kwa lafudhi safi.

Basi sauti ya filamu ilipokatika, mzee mmoja katikati ya ukumbi akapaza sauti kwa furaha kubwa: "Fundi viatu!" Watu wakaangua kicheko. Akafuata wa pili, wa kumi, kisha ukumbi mzima, miguu inapiga sakafu, watu wazima wamerudi utoto, wanafutana machozi kwa kucheka. Walidhani mashine imeharibika. Wala hawakuwa wakimtazama, walikuwa wamegeuka nyuma kumzomea mwandaaji. Khola alikuwa akisema. Niliona midomo, nikasikia "usigeuke", kisha sikusikia tena. Nikasimama nikawafokea wanyamaze, anaongea, anaongea mwenyewe! Nani amsikilize mwanamke mweusi mwenye mkoba wa dawa. Mama mmoja nyuma yangu akanivuta sketi niketi, namziba.

Mwandaaji akaingiwa na hofu, akarudisha sauti.

Sauti nyororo ikajaa ukumbini. "Ukigeuka nitakufuata." Watu wakashangilia, wakanyamaza kwa heshima. Na khola, pale kwenye maikrofoni, hakukaa chini wala hakuendelea kusema. Midomo yake ikaifuata ile sauti. Neno kwa neno, pumzi kwa pumzi, bila kukosea hata mara moja, macho yamekazwa mbele. Kwa waliokaa ukumbini ilikuwa ni yeye anayesema, mzee wa miaka sabini na kitu, na sauti haijazeeka hata kidogo. Walisimama wote. Wakapiga makofi mpaka nikaziba masikio. Bwana mwandaaji akapanda mbio na maua, akambusu mkono. Khola akainama, akaokota skafu chini ya kiti, akaifunga.

Ndani ya gari mwanawe alikuwa na machozi. "Umeona, mama, walivyokupenda?" Mama akashika koo lake, akatabasamu.

Nilikasirika naye, sifichi. Nilimkasirikia kuliko nilivyowakasirikia wale wazomeaji. Nilipomsimulia binti yangu, akanijibu kwa Kiingereza kama kawaida yake kwamba tatizo liko wapi, watu si walifurahi? Nikampigia kelele, nikabamiza mfuniko wa sufuria ukapinda. Juma lililofuata nikamwogesha khola bila kumsemesha. Ni yeye aliyeanza.

"Mdomo ulikwenda wenyewe," alisema, maji yanamtiririka usoni. "Usinikasirikie. Ndicho walichonifundisha."

Nikamfunga taulo, nikamkumbatia na maji yake. Tulikaa ukingoni mwa bafu, mimi nimelowa, tunalia kama watoto.

Hakuizungumzia jioni ile tena, na filamu hakutaka kuiona. Ila alianzisha tabia mpya. Alinipigia simu kila siku, saa ambazo alijua fika niko kazini kwa mzee mwingine na siwezi kupokea. Alitaka ile mashine ya kuacha ujumbe iliyomo kwenye simu yangu ya mkononi. "Mashine yako ina adabu," aliniambia. "Inangoja mpaka nimalize." Nilikuta jumbe zikinisubiri, ndefu, kwa Kirusi chake cha kokoto. Alilalamika kuhusu magoti, alinisimulia ndoto, alimsema jirani anayekaanga samaki, alinifokea kuhusu karoti. Mara nyingine alichanganya na lugha ya kwao ya milimani, ambayo mjini hapa hakuwa na wa kuizungumza naye, hata mwanawe aliijibu kwa Kirusi. Nilikuwa nazisikiliza kwenye basi na kuzifuta, maana mashine ilijaa haraka. Natamani ningenunua nafasi kubwa zaidi.

Alifariki majira ya baridi, hospitalini, mwanawe akiwa kando yake. Mimi zamu yangu ilikuwa kesho yake. Kwenye simu nilikuwa nimebakiwa na ujumbe mmoja tu.

Baada ya mazishi mwanawe alialika watu kula kwenye mgahawa mmoja huko huko kaskazini. Walikuja wale wa ukumbini, na mwandaaji naye. Kwenye ukuta waliweka televisheni kubwa, na ile sehemu ya darajani ikawa inarudia, inarudia. Nenda, usigeuke nyuma. Kila ikianza, watu wanaacha kula, wanashika vifua. Mama mmoja mwenye rangi nyekundu ya midomo, jirani yangu mezani, akaniambia kwamba sura inaweza kuzeeka, ila sauti kama ile Mungu humpa mtu mmoja tu. Wakaleta pilau. Niliionja, haikuwa na bizari.

Hasira zikanipanda hadi kwenye masikio. Nikatoa simu yangu, nikaiweka mezani katikati ya sahani, nikafungua sauti mpaka mwisho, nikabonyeza.

"Uko wapi wewe?" khola akafoka, sauti nzito, inakwaruza, ikaifunika ile ya ukutani. "Usichelewe kama jana. Na usininunulie ile bizari ya pakiti, haina harufu, ni vumbi tupu, nenda kwa yule Mhindi. Na ukifika gonga kwa nguvu. Siku hizi sisikii."

Vijiko vikasimama hewani. Yule mama mwenye rangi ya midomo akaitazama simu kama kitu kilichoanguka kwenye chakula.

"Ni nani huyo anayegomba?" akauliza.

Hakuna aliyejua. Mwandaaji hakujua. Nikamgeukia mwanawe, aliyekaa kwenye kiti cha wafiwa, na nikaona ameacha kutafuna. Alijua. Ilikuwa sauti iliyomwimbia utotoni, angeisahauje. Ukutani msichana wa darajani akaanza tena, na wote mezani walikuwa wakimtazama yule mwana, wanangoja. Mimi nami nilingoja. Nilikuwa tayari kumsamehe kila kitu, viatu vyake, kiwiko chake, kila kitu.

"Ni mteja wake mmoja," alisema, akainamia sahani. "Dada huyu anatunza wazee."

Wakarudi kwenye pilau yao. Yule mama akanipapasa mkono, akaniambia pole, wazee wana kazi kweli. Nikachukua simu yangu, nikavaa koti.